Himalaya: kupanda kwa miguu, kushuka kwa helikopta

Kampuni nyingi za utalii mjini Kathmandu siku hizi huuza safari ya namna moja. Unatembea siku nane hivi kutoka Lukla hadi kambi ya chini ya Mlima Everest, mita 5,364 juu ya usawa wa bahari. Kurudi si kwa miguu tena. Helikopta inakuchukua asubuhi kijijini Gorakshep, na mchana unakukuta umeshaoga hotelini Kathmandu. Siku tatu au nne za kushuka zimefutwa. Wanaoipenda zaidi ni wenye likizo fupi, wenye magoti yanayouma, na wale wanaoona kwamba wakishafika walikotaka kufika, safari imekwisha.

Wapo wanaoilaani biashara hii kuwa ni anasa inayochafua milima, na wapo wanaoisifu kuwa ni usalama ulioongezwa. Pande zote mbili zinakosea kwa kuichukulia safari nzima kama kitu kimoja. Kupanda na kushuka ni mambo mawili tofauti kwa mwili, kwa mkoba na kwa wenyeji. Msimamo wangu ni kwamba helikopta ya kushukia haina ubaya kwa afya ya msafiri. Ubaya huingia pale inapotumika kuhalalisha kupanda haraka, inapochanganywa na uokoaji wa wagonjwa, na inapokata riziki ya wapagazi na wenye nyumba za wageni.

Safari inayozidi kufupishwa

Helikopta haikuwa ya kwanza kuifupisha njia ya Khumbu, lile eneo la Everest. Mwaka 1953, msafara wa Waingereza uliowafikisha Edmund Hillary na Tenzing Norgay kileleni ulitembea zaidi ya wiki mbili kutoka bonde la Kathmandu hadi kwenye monasteri ya Tengboche, ukiwa na wapagazi zaidi ya 300. Baadaye barabara ilifika mji mdogo wa Jiri, na msafiri akabakiwa na takribani wiki moja ya miguu kabla ya kufika Lukla.

Lukla kwenyewe, kiwanja cha ndege kilijengwa mwaka 1964 chini ya usimamizi wa Hillary, aliyekuwa amerudi kuwajengea Washerpa, wenyeji wa Khumbu, shule na hospitali na alihitaji pa kushushia vifaa. Kiko mita zipatazo 2,850 juu ya usawa wa bahari. Njia yake ya kurukia ina urefu wa mita 527 tu na imejengwa kwa mteremko, upande mmoja ukuta wa mlima, upande wa pili genge. Mwaka huohuo wa 1964, Jimmy Roberts, afisa mstaafu wa jeshi la Uingereza, alifungua mjini Kathmandu kampuni ya Mountain Travel, iliyoanza kuuza matembezi ya milimani kwa watalii wa kawaida wakiwa na kiongozi, wapishi na wapagazi. Viwili hivyo, kiwanja na kampuni, ndivyo vilivyozaa utalii tunaouona leo.

Ndege zilipozoeleka, vijiji vilivyokuwa kati ya Jiri na Lukla vilipoteza wageni. Nyumba zilizokuwa zikipika kila jioni kwa ajili ya wasafiri zilibaki na wachache wanaopenda njia ya zamani. Hakuna aliyepanga kuwaumiza watu wa huko. Ni kwamba kila safari inapofupishwa, kuna mtu anayeishi kwenye kipande kilichokatwa. Helikopta ya kurudia inakata kipande kingine, kutoka Gorakshep hadi Lukla, yapata kilomita 60 zenye vijiji vinavyoishi kwa chakula na malazi ya wapita njia.

Mwili haukubali kuharakishwa

Kwenye mwinuko wa mita 5,500, kanieneo ya hewa huwa karibu nusu ya ile ya pwani. Oksijeni bado ni asilimia 21 ya hewa, lakini kila pumzi inaingiza kiasi kidogo zaidi. Mwili hujibu kwa kupumua haraka. Kupumua haraka hutoa kabonidioksidi nyingi, damu inakuwa na alikali zaidi, na figo zinalazimika kuitoa ziada hiyo kwa njia ya mkojo. Kazi hiyo huchukua siku kadhaa na haina njia ya mkato. Dawa ya asetazolamidi, ambayo wengi huijua kwa jina la Diamox, huisaidia iende haraka kidogo, lakini haiwezi kuchukua nafasi ya siku zilizorukwa.

Anayepanda haraka kuliko mwili unavyoweza kuzoea huanza kwa kuumwa kichwa, kichefuchefu, kukosa hamu ya kula na usingizi wa mang'amung'amu. Huo ndio ugonjwa wa mwinuko wa kawaida, na ukiheshimiwa hupita. Usipoheshimiwa unaweza kugeuka kuwa moja ya hali mbili zinazoua: mapafu kujaa maji, au ubongo kuvimba. Ile ya mapafu ilielezwa kwa ukamilifu katika jarida la kitabibu mwaka 1960 na Charles Houston, daktari Mmarekani ambaye miaka kumi kabla alikuwa miongoni mwa wageni wa kwanza kutoka Magharibi kutembea Khumbu.

Kanuni inayofuatwa na madaktari wa milimani ni kwamba ukishavuka mita 3,000, usilale zaidi ya mita 500 juu ya ulipolala jana, na kila baada ya siku tatu au nne upumzike siku moja. Itazame njia ya Khumbu kwa jicho hilo. Phakding ni mita 2,610, Namche Bazaar 3,440, Tengboche 3,860, Dingboche 4,410, Lobuche 4,940, Gorakshep 5,164. Namche ni mruko mkubwa, kwa hiyo ratiba nzuri hulaza wageni huko usiku mbili. Dingboche nako ni mruko, usiku mbili tena. Katika siku hizo za kutulia, kiongozi huwapandisha wageni mlima wa jirani mchana na kuwarudisha kulala chini.

Ubora wa kiongozi huonekana jioni, katika chumba cha kulia cha nyumba ya wageni ya Dingboche. Jiko la katikati linawaka mavi makavu ya yaki, kwa kuwa kuni huko hakuna. Wageni wamezunguka meza na bakuli za dal bhat: wali, dengu na mboga. Kiongozi haketi. Anatazama nani kasukuma sahani bila kula, nani kajibu kwa neno moja, nani kajiinamia. Anambana kila mmoja kidoleni kwa kifaa cha kupimia oksijeni, lakini haiamini namba peke yake. Anayemtilia shaka anamsimamisha, anamwambia atembee kwa mstari mnyoofu, kisigino kikigusa vidole vya mguu wa pili. Anayeyumba kana kwamba kalewa, wakati hajagusa pombe, hapandi kesho. Huenda akashushwa usiku huohuo kwa tochi, maana ubongo unaovimba hausubiri kupambazuke.

Utafiti mmoja wa Khumbu una uzito wa pekee katika mjadala huu. Mwaka 1976, Peter Hackett na wenzake walichapisha katika jarida la Lancet matokeo ya uchunguzi wa wasafiri 278 waliopita kijiji cha Pheriche, kwenye mita 4,243. Zaidi kidogo ya nusu yao, asilimia 53, walikuwa na ugonjwa wa mwinuko. Walioumwa zaidi walikuwa wale waliopanda haraka na waliofika Lukla kwa ndege, ikilinganishwa na waliotembea tangu chini. Chombo cha angani kinachompandisha mtu kinamnyang'anya siku ambazo mwili wake unazihitaji. Kinachomshusha hakimnyang'anyi kitu, kwa sababu kushuka ndiyo tiba ya kwanza ya magonjwa yote ya mwinuko.

Kwa hiyo kushuka kutoka Gorakshep hadi Kathmandu, iliyo mita zipatazo 1,400 juu ya usawa wa bahari, kwa asubuhi moja hakumdhuru mtu zaidi ya kuziba masikio. Hatari iko kwenye ratiba. Mteja aliyenunua helikopta kwa kuwa hana muda ni mteja yuleyule anayeona siku ya pili ya Dingboche kuwa ni ya kupoteza. Kampuni inayotaka kumpendeza inaikata, na inajifariji kwamba helikopta ipo. Hapo ndipo kitu cha kurahisisha kushuka kinapogeuka kuwa kisingizio cha kupanda vibaya.

Chombo na mipaka yake

Kazi kubwa angani Khumbu hufanywa na helikopta aina ya AS350 B3, ambayo sasa mtengenezaji wake anaiita H125. Ni chombo chenye injini moja na uwezo wa ajabu. Mnamo Mei 14, 2005, rubani Mfaransa Didier Delsalle aliitua juu kabisa ya kilele cha Everest. Lakini alikuwa peke yake, na chombo kilikuwa kimepunguzwa uzito. Hewa nyepesi inayomchosha mtembeaji ndiyo hiyohiyo inayozipunguzia panga za helikopta nguvu ya kuinua mzigo.

Ndiyo maana kuondoka Gorakshep hakufanani na kuondoka kiwanja cha kawaida. Watu na mabegi huhesabiwa kwa kilo. Rubani hazimi injini. Abiria wanainama na kusogea kutokea mbele, anakowaona, mbali na panga ndogo za mkiani zinazozunguka kwa kasi isiyoonekana kwa macho. Mara nyingi wanaochukuliwa kwa mruko mmoja ni wachache tu. Wanateremshwa Pheriche, chombo kinarudi kuwafuata waliobaki, na kikundi kikishakamilika kwenye hewa nzito zaidi ndipo wote wanapanda pamoja kuelekea Lukla na kisha Kathmandu. Baada ya tetemeko la ardhi la Aprili 25, 2015, wapandaji waliokwama juu ya maporomoko ya barafu ya Khumbu walishushwa namna hiyo, wawiliwawili, mruko baada ya mruko.

Mpaka mwingine ni hali ya hewa. Kwa kawaida asubuhi Khumbu huwa wazi, na mchana mawingu hupanda kutoka mabondeni. Usiku helikopta haziruki huko. Anayezidiwa saa tisa alasiri wakati bonde limejaa ukungu hana helikopta hadi kesho, hata bima yake iwe ya fedha nyingi kiasi gani. Kinachomsaidia usiku huo ni miguu, oksijeni ya chupa, dawa kama deksamethasoni, na lile gunia la kanieneo ambalo mgonjwa hufungiwa ndani na wenzake hupampu hewa kwa zamu, mwili wake ukihisi kana kwamba umeshushwa zaidi ya mita elfu moja. Zahanati ya shirika la Himalayan Rescue Association, lililoanzishwa mwaka 1973, iko Pheriche kwa ajili ya saa kama hizo.

Na vyombo vyenyewe huanguka. Novemba 2010, rubani Sabin Basnyat na mwokoaji Purna Awale walifariki kwenye mlima Ama Dablam wakijaribu kuwaokoa wapandaji. Aprili 14, 2019, ndege iliyokuwa ikiondoka Lukla iliacha njia na kugonga helikopta zilizoegeshwa, wakafa watu watatu. Julai 11, 2023, helikopta iliyokuwa ikitoka eneo la Everest kurudi Kathmandu ilianguka na kuua wote sita, rubani na watalii watano wa familia moja kutoka Mexico. Anayenunua kiti cha helikopta ananunua na hatari hii, na ana haki ya kuelezwa kabla hajalipa, badala ya kuuziwa safari hiyo kama njia salama kuliko kutembea.

Bima, ulaghai na wagonjwa wa kweli

Kiti cha kushiriki na wengine hugharimu mamia ya dola, na mara nyingine huzidi elfu moja. Kukodi chombo kizima ni maelfu. Uokoaji wa mgonjwa hulipwa na bima, lakini kurudi kwa starehe hakulipwi. Katika pengo hilo uliota ulaghai.

Ulikuwa na sura kadhaa. Mtembeaji aliyechoka anashauriwa aseme kichwa kinamuuma sana, ili bima imlipie usafiri ambao angepaswa kuulipia mwenyewe. Watu wanne wanapakiwa katika mruko mmoja, na kila kampuni ya bima inaletewa ankara ya chombo kizima. Mgonjwa anapelekwa katika hospitali inayomlipa kamisheni aliyemleta. Mwaka 2018 malalamiko ya kampuni za bima yalifika mahali ambapo serikali ya Nepal iliunda kamati ya uchunguzi, na baadhi ya kampuni hizo zikatishia kuacha kabisa kuwakatia bima wasafiri wa Nepal.

Anayedhani huu ni wizi dhidi ya matajiri wa mbali hajauona mnyororo mzima. Bima inapopanda bei, anayelipa ni msafiri mwaminifu. Bima inapotilia shaka kila simu kutoka Khumbu, mgonjwa wa kweli ndiye anayesubirishwa wakati mapafu yake yanajaa maji. Na siku ya hali ya hewa mbaya, yenye saa mbili tu za anga wazi, chombo kilichokwenda kumchukua mwenye afya hakiwezi kuwa mahali pengine kwa wakati uleule.

Wanaozitetea helikopta za kitalii wana hoja ambayo haifai kupuuzwa. Mapato ya abiria wa kawaida ndiyo yanayoziwezesha kampuni kununua vyombo, kufundisha marubani wa mwinuko wa juu na kuvitunza karibu na milima msimu mzima. Bila biashara hiyo, huenda mgonjwa angesubiri chombo kutoka mbali zaidi. Nakubali. Lakini hoja hiyo inadai jambo moja, kwamba mgonjwa atangulie daima, na kwamba abiria wa starehe aandikiwe tangu mwanzo kuwa kiti chake kinaweza kuahirishwa. Kampuni isiyokubali kuyaweka hayo kwenye mkataba haiwezi kujitetea kwa jina la uokoaji.

Riziki ya waliobaki chini

Katika nyumba za wageni za Khumbu, kitanda ni cha bei nafuu kwa makubaliano kwamba mgeni atakula hapohapo. Faida iko jikoni. Mgeni anayerudi kwa helikopta anaondoka na milo ya siku tatu ambayo ingeliwa Pangboche, Namche na Phakding. Wengine wanasema watu wakipungua njiani, watalii wanaobaki wanafurahia zaidi. Mwenye nyumba aliyejenga kwa mkopo hawezi kulipa benki kwa furaha hiyo.

Mpagazi yuko katika hali ngumu zaidi. Hulipwa kwa siku. Kikundi kinapopaa kutoka Gorakshep, yeye na kiongozi kwa kawaida hubaki chini na kutembea kurudi Lukla. Je, siku hizo za kurudi zinalipwa? Chakula chake njiani ni cha nani? Kampuni nzuri hulipa siku zote kamili kana kwamba wageni wametembea. Kampuni mbaya humaliza hesabu pale helikopta inapoinuka. Hata bakshishi, ambayo kwa mazoea hutolewa Lukla jioni ya mwisho, watu wakiwa wamekaa pamoja, huishia kupeperushwa katika haraka ya asubuhi. Mara nyingine hukabidhiwa mtu mmoja awagawie wengine, na kinachowafikia hakijulikani.

Kuna pia suala la mahali penyewe. Hifadhi ya Taifa ya Sagarmatha ilianzishwa mwaka 1976 na kuingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1979. Ndani yake wanaishi Washerpa wenye mashamba, mifugo na monasteri. Kelele za helikopta zinazopita bondeni tangu alfajiri huwafikia wote, watu na wanyamapori. Mwanzoni mwa 2025, wakazi walipinga wingi wa safari za kitalii kwa kuzuia maeneo ya kutua, na mvutano kati yao, hifadhi na kampuni za ndege ulisimamisha huduma kwa muda. Wenyeji hawa ndio wa kwanza kuihitaji helikopta mama anapozidiwa na uzazi au mtoto anapougua. Walichokipinga ni milima yao kugeuzwa njia ya angani bila wao kuulizwa.

Somo kwa watu wa Kilimanjaro

Msomaji wa Moshi au Marangu anayajua mengi ya haya bila kufika Nepal. Kilimanjaro, mita 5,895, ni mrefu kuliko kambi ya chini ya Everest, na watu hupandishwa kwa siku chache zaidi. "Pole pole" ya waongozaji wetu ni kanuni ileile ya madaktari. Tofauti iko kwenye kushuka. Kutoka kilele cha Uhuru, mteremko wa Mweka unamfikisha mtu langoni kwa siku moja na nusu hivi, wakati Khumbu ni siku tatu au nne za kupanda na kushuka mabonde. Ndiyo maana biashara ya kurudi kwa helikopta ilishamiri huko kwanza. Helikopta za uokoaji zipo Kilimanjaro nako, bima nazo zinalipa, na kishawishi cha kumtangaza mgonjwa mtu aliyechoka tu hakijui mipaka ya nchi. Wakati wa kuweka kanuni ni sasa, kabla soko halijajiwekea zake.

Na wapo Waafrika Mashariki wanaokwenda Himalaya wenyewe. Wilfred Moshi wa Tanzania alifika kilele cha Everest mwaka 2012, na James Kagambi wa Kenya mwaka 2022, akiwa na umri wa miaka 62. Nyuma yao wanakuja wengi zaidi ambao kambi ya chini ndiyo lengo lao.

Anayepanga kwenda kwa miguu na kurudi kwa helikopta aanze kwa kuisoma ratiba ya kupanda. Kama haina usiku mbili Namche na usiku mbili Dingboche, aiache, hata kiti cha kurudia kiwe cha bure. Aulize nani atalipa siku za wapagazi za kurudi, na jibu liandikwe. Bakshishi aitoe mwenyewe, mkononi mwa kila mtu, jioni kabla ya kuondoka. Bima yake iguse mita 6,000 na itaje uokoaji wa helikopta, na kiti cha starehe akilipie kutoka mfukoni mwake. Abakishe angalau siku mbili za akiba Kathmandu, kwa sababu wingu likifunga, hakuna fedha itakayolifungua. Na aondoke Lukla akiwa na uwezo, nguo na muda wa kutosha kurudi kwa miguu yake, maana msafiri anayeihitaji helikopta ili amalize safari alikuwa hajawa tayari kuianza.

Serikali na kampuni zina wajibu mkubwa zaidi kuliko mteja. Tangu Aprili 2023, Nepal imeagiza wasafiri wa kigeni wawe na kiongozi kwenye njia nyingi za milimani, ingawa mamlaka ya eneo la Khumbu haikuikubali amri hiyo. Kiongozi peke yake hatoshi kama anayemlipa anamhesabia siku. Apewe mamlaka ya kusimamisha safari bila kupoteza ujira, wapagazi walipwe hadi Lukla, na safari za mgonjwa zitenganishwe kwenye hesabu na zile za starehe. Hayo yakifanyika, kurudi kwa helikopta kutakuwa huduma halali kwa anayeweza kuilipia. Yasipofanyika, bei iliyoandikwa kwenye tiketi si bei kamili, na sehemu iliyobaki inalipwa na watu ambao hawakuwamo ndani ya chombo.